Mikono ya Swafiya Yaenda Japani

Swafiya alikuwa akipiga pasi kanzu ya Sir, kwenye kola ambako pasi hutaka subira, pale Madam Atheer alipoingia chumba cha kufulia na begi la nepi begani, akasema angependa kuazima mikono yake kwa wiki moja.

"Yote miwili?" Swafiya akauliza.

"Yote miwili. Mmoja utambebaje mtoto?"

Swafiya akamaliza kola kwanza, maana kola iliyoachwa katikati hufanya mkunjo usiosikia dawa. Akazima pasi, akaisimamisha, akapindua ndoo na kukaa juu yake ili alisikie jambo lote.

Jambo lenyewe lilikuwa hivi. Nyumba nzima ilikuwa inakwenda Japani kutazama miti ikichanua. Nyumba nzima maana yake Madam, Sir, na Faiz, mtoto wa mwaka mmoja na kidogo. Faiz alikuwa halali mpaka mikono ya Swafiya impigepige mgongoni. Mamake alishajaribu mikono yake mwenyewe, mtoto akalia mpaka jirani akapiga simu kuuliza kama kuna msiba. Basi Swafiya alitakiwa aende. Ili aende alihitaji viza, na ili apate viza alihitaji pasipoti, na pasipoti yake ilikuwa ndani ya sanduku la chuma kwenye ofisi ya Sir, huko juu. Sanduku lilifunguliwa kwa nambari, na nambari Sir alikuwa ameisahau tangu mwaka juzi. Kila alipoulizwa alisema anaitafuta. Alikuwa akiitafuta kichwani, kwa hivyo hakuna aliyeweza kumsaidia.

Madam alikuwa amelifikiria vizuri, akaona kwamba mtoto hamtaki Swafiya mzima. Anataka mikono. Na mikono, akasema, haiombwi pasipoti.

"Na mimi niliyebaki?" Swafiya akauliza.

"Wewe utapumzika. Nani Dubai hii anapumzika wiki nzima?"

Swafiya akajaribu kumfikiria mtu huyo, akamkosa. Lakini alikuwa na lake, na hakutaka likose kusemwa.

"Madam, mwisho wa mwezi ni harusi ya Ikhlas wangu. Uliniahidi likizo."

"Inshallah," akasema Madam.

Inshallah ni neno tukufu, wala kosa si lake watu wakilitwisha kazi zao. Swafiya alikuwa amekaa nyumba ile muda wa kutosha kuijua inshallah ya kwenda na inshallah ya kubaki. Hii ilikuwa na miguu mizito kidogo.

Ikhlas alikuwa mwanawe wa pekee, aliyemwacha Mombasa, mtaa wa Kuze, kwa dada yake Ummulkheir. Kabla ya kuja Dubai kupiga pasi kola za watu, Swafiya alikuwa mchoraji wa hina na wa piko, ile rangi nyeusi, na bibi harusi wa Kuze asiyechorwa na Swafiya watu walimtazama mikono wakamwonea huruma mumewe. Ikhlas mdogo ndiye aliyekuwa akimshikia bakuli. "Yako nitakuchora mimi," Swafiya alikuwa akimwambia, "mpaka kwenye viwiko, mpaka wapambe waumwe na mgongo kwa kukutazama." Ahadi hiyo ndiyo aliyokuwa nayo duniani. Vitu vingine vilikuwa ndani ya sanduku.

Akauvuta mkono wa kushoto, kama mtu anayevua glavu ya kuoshea vyombo. Ukatoka kuanzia kifundoni. Wa kulia ilibidi Madam asaidie, kwa kuwa hapakuwa tena na mkono wa kuuvutia. Palepale ilipotoka pakabaki palaini kama ncha ya yai. Madam akaizungushia kitambaa cha mtoto, akaitia kwenye begi kati ya nepi na chupa ya maziwa.

"Uipake mafuta usiku," Swafiya akamwambia. "Hukauka."

"Yalla, yalla," akajibu Madam, maana dereva alikuwa anapiga honi.

Ufunguo wa mlango wa jikoni Madam alimwachia Agnes, mpishi wa nyumba ya pili, ili aje kumwagilia maua na, akipata nafasi, kumlisha Swafiya. Agnes alikuwa mtu wa Mbinga, mnene, mwenye sauti ya kwaya, na alikuja na sufuria kabla gari halijafika barabara kubwa.

"Jamani, Mama Ikhlas! Wamekuacha na nini sasa?"

"Na mdomo."

"Basi wamekuachia cha kutosha. Fumbua, bibi harusi."

"Punguza tonge, mwanangu. Unataka nife kabla mkwe wangu hajaniona?"

Siku za mwanzo zilikwenda vizuri. Swafiya hakuosha chombo wala hakukunja shuka. Alilala mchana mlango wazi, jambo ambalo hakuwahi kulifanya tangu azaliwe. Aliihisi mikono yake huko iliko, kama mtu anavyohisi miguu iliyofunikwa blanketi: baridi ya ndege, kisha mpini wa kigari cha mtoto, kisha mgongo wa Faiz, mdogo na wa moto, ukipanda na kushuka. Mikono ilimpigapiga mtoto kule, na Swafiya huku akashikwa na usingizi pamoja naye.

Ijumaa asubuhi Agnes alikuwa ameshatoka misa, ambayo Dubai husaliwa Ijumaa, na alikuja na Metrine, yaya wa nyumba ya mkabala, binti wa Bungoma ambaye mdomo wake haukuwahi kupewa likizo. Walikuwa wamekaa jikoni na mahamri, Swafiya akatafuna, akaacha kutafuna.

"Wameanza kutembea," akasema.

"Wapi?" akauliza Agnes.

"Sijui. Kwenye mawe. Kigari kinatikisika kama jino bovu."

Metrine akatoa simu, akatazama picha ambazo Madam alikuwa akiwatumia watu wote anaowajua. "Mathe, mko Kyoto. Ni kale ka mtaa ka zamani, ka nyumba za mbao. Wamechukua matembezi ya kuongozwa. Kuna shosho ako mbele na bendera ndogo, anaonyesha watu."

"Ngoja, nampa mkono," akasema Swafiya.

Wakangoja. Uso wa Swafiya ukabadilika pole pole.

"Vipi?" Agnes akauliza.

"Kaniacha."

"Kakuacha vipi?"

"Mkono uko hewani, Agnes. Nimeunyoosha, na hakuushika."

Agnes akaweka kikombe chini. Kwa watu wa pwani mkono wa salamu ulioachwa hewani si jambo dogo. Zipo nyumba Kuze hazijasemezana hadi leo kwa mkono wa namna hiyo, na wenyewe waliokosana wamekwisha kufa.

"Huyo mama kalelewa na nani?" Agnes akauliza kwa niaba yake.

"Wacheni mafeelings," akasema Metrine. "Hao hawashikani mikono. Wanainama. Hata saa hii pengine amekuinamia mpaka chini, ni vile tu mikono haina macho."

Swafiya akalitafakari. "Basi kama aliinama nami sikuona, asamehewe," akasema. Lakini mkono wake kule ulikawia kidogo kushuka.

Bibi wa kibendera naye alikuwa ameona kitu. Katika kundi lake lote, Madam alikuwa anajipiga picha, Sir alikuwa anampiga picha Madam, na wengine walikuwa wanatazama walikotoka. Waliokuwa wanamsikiliza ni mikono miwili tu, juu ya mpini wa kigari cha mtoto, imetulia kama wanafunzi wa dawati la mbele. Akaja, akauchukua mkono wa kulia kwa adabu, akaulaza juu ya ukuta.

"Mbao," akasema Swafiya huko Rashidiya, mtaa wao wa Dubai. "Imepitishwa moto. Ina magamba kama ngozi ya mamba."

"Ili isiliwe na wadudu," akasema Agnes. "Kwetu fito za ghala tunazitia moshi."

"Sasa fito nyembamba, zimesimama karibu karibu, mbele ya dirisha. Mtu wa ndani anakuona, wewe humwoni."

"Umbea huo," akasema Metrine.

"Umbea upo kila mahali penye madirisha. Sasa mlango wa kusukuma pembeni. Karatasi! Mlango wa karatasi, jamani, na watu wanalala ndani."

Swafiya hakuweza tena kukaa. Alinyanyuka akaanza kutembea kwa mwendo wa kigari, akatoka jikoni, akaingia ukumbini, na Agnes na Metrine wakamfuata. Agnes alifunga kitambaa cha vyombo kwenye mwiko, akautia kwapani mwa Swafiya uwe bendera yake. Wafanyakazi wa nyumba za jirani waliokuwa wameanika nguo juu ya ukuta wakasikia sauti, wakauliza kuna nini, wakaambiwa kuna matembezi Japani, wakavua ndara mlangoni na kujiunga. Walipita kwenye zulia la Madam, wakazunguka meza ya vioo, wakateremka uani. Swafiya alikuwa mbele na mwiko wake.

"Kushoto kwenu, daraja. Reli yake ina kutu kidogo. Chini maji, sijui mengi au machache, lakini yanatoa baridi. Kulia, mti. Unatuangushia maua. Yamenijaa kiganjani, mepesi kama ngozi ya kitunguu. Wewe wa nyuma, usiachane na wenzako, utapotea."

Wa nyuma akasogea.

Wakafika nyumba ya chai. Bibi wa kibendera aliipa mikono bakuli la moto, akaifundisha kulizungusha kabla ya kunywa. Mikono ikazungusha vizuri, ikalinyanyua, halafu ikabaki nalo, maana hapakuwa na mdomo. Agnes akamnywesha Swafiya chai ya hiliki huku Rashidiya, ili bakuli lisipate aibu.

Hapo ndipo simu ya Swafiya ilipolia. Agnes akamwekea sikioni.

"Swafiya," akasema Madam, "mikono yako imekuwa mizuri mno. Watu wote wanaisifu. Sikiliza, dada yangu wa London anajifungua. Ameniomba nimpitishie. Miezi michache tu, mpaka kiangazi kiishe."

Swafiya akatazama ncha za yai zilizokuwa kwenye vifundo vyake.

"Madam, mwisho wa mwezi namchora mwanangu hina."

"Utakwenda harusini, nani amekukataza? Kukaa kwenye kiti kunahitaji mikono?"

"Na pasipoti, Madam?"

"Sir bado anaitafuta nambari. Khalas, tutaongea, kuna mtu anatuletea keki." Simu ikakatika.

Metrine alitaka kusema, Agnes akamkanyaga. Wote walikuwa wanamjua mtu aliyeazimwa kwa dada wa bosi kwa miezi michache. Wengine walikuwa ndio hao.

"Tuendelee," akasema Swafiya. "Wameinuka."

Sehemu iliyobaki ilikuwa ngazi. Kigari kilibebwa, mawe yakapanda, upepo ukawa mkubwa. Adhuhuri ilikuwa imeingia Rashidiya, adhana ikasikika, na Swafiya akaomba radhi kwa kundi lake akaswali kwanza. Akaenda kwenye bomba, Agnes nyuma yake tayari kumshikia kata. Swafiya akasimama pale akiwaza udhu unaanzaje kwa mtu ambaye viganja vyake viko ughaibuni. Kabla hajapata jibu, bibi wa kibendera alikuwa amefika mlangoni pa hekalu juu ya kilima, penye birika la jiwe, na kama ilivyo desturi ya pale alichota maji kwa kata ya mti akaiosha mikono yote miwili.

"Bismillahi," akasema Swafiya. "Hiyo tayari. Nimwagie kuanzia mdomoni."

Agnes akamwagia. Akaswali, akakawia kwenye sijda, na alichoomba hakumwambia mtu, ingawa kila mtu alikijua.

Aliporudi uani, matembezi yalikuwa yanaisha. Watalii walikuwa wanaagana na mwongozaji wao kwa kuinama. Na yule bibi, kwa kuwa ni mtu anayejifunza, hakuiinamia mikono tena. Alinyoosha mkono wake, akaupa mkono wa kulia wa Swafiya.

Swafiya akaupokea.

Sasa, watu wa pwani mkono hawaupokei kuuachia papo hapo kama chuma cha moto. Hushikana, wakaulizana hali, na za nyumbani, na za watoto, na za walioumwa, huku viganja vimekaa pamoja vinasikiliza, na havitoki mpaka mmoja aseme kwaheri na mwingine aitikie. Na mkono wa Swafiya, uliokuwa kule bila mdomo, ungesemaje kwaheri? Ukangoja isemwe. Bibi wa kibendera naye alitoka kwa watu ambao hawamnyang'anyi mgeni mkono wao wenyewe. Akangoja aachiwe. Watalii wakaondoka. Madam akaenda dukani kuchagua feni za kupepea. Wawili wakabaki wameshikana, kila mmoja kwa adabu ya kwao.

"Mathe," akasema Metrine, "si umwachilie?"

"Sijaaga."

"Basi aga!"

"Niko Rashidiya, mwanangu. Atanisikia?"

Baadaye Swafiya aliapa kwamba hakuukaza mkono hata kidogo. Alisema ndivyo alivyolelewa.

Bibi yule alisimama mpaka akachoka, halafu akafanya alichozoea kufanya. Akainua kibendera kwa mkono uliobaki, na akaanza kutembea. Mkono wa kushoto wa Swafiya, ulipohisi mwenzake anakwenda, ukaacha mpini wa kigari ukashika ukanda wa kimono yake.

Jioni simu ikalia. "Swafiya, mikono yako iko wapi?"

"Madam, mimi nitajuaje? Ulikwenda nayo wewe."

"Imeondoka na mwongozaji!"

"Labda matembezi hayajaisha," akasema Swafiya.

Usiku ule Faiz alilia. Usiku wa pili akalala kwenye mkono wa babake, ambaye alikuwa hajui kama ana mkono wa namna hiyo.

Na alasiri ya Jumapili mtu akabisha hodi mlango wa jikoni. Alikuwa bibi mfupi wa nywele nyeupe, soksi nyeupe, vumbi mpaka magotini, mkono mmoja umeshika kibendera na mwingine umeshikwa. Alikuwa ameteremka kituo cha metro cha Rashidiya na kutembea kutoka pale. Alikotoka mpaka kituoni alifikaje, hakuna aliyemwuliza. Mgeni haulizwi safari kabla ya maji, na baada ya maji walisahau.

Alipomwona Swafiya, akainama. Swafiya, kwa kuwa mkono wa kumpa hakuwa nao, naye akainama. Wakainama tena, kila mmoja chini zaidi, mpaka Agnes akasema jamani inatosha, mtagongana vichwa.

"Kwaheri, bibi," akasema Swafiya. "Na ahsante. Na samahani kwa kukushika."

Bibi akaitikia kwa lugha yake. Mkono ukamwachia papo hapo, na wa kushoto ukaacha ukanda. Agnes akaivisha kwenye vifundo, kulia kulia, kushoto kushoto, ikaingia kwa mlio mdogo kama kifuniko cha mtungi. Swafiya akafumba viganja, akafumbua. Pumzi aliyoishusha hapo ilipeperusha pazia la jikoni. Kitu cha kwanza alichofanya kwa mikono yake ni kumkaribisha mgeni kiti, na cha pili ni kujikuna mgongo, maana palikuwa pamemwasha tangu mikono iondoke na Agnes alikuwa hapajui.

Baada ya chai bibi aliomba aonyeshwe nyumba. Hakuweza kukaa mahali bila kujua pana nini. Swafiya akamtembeza. Huu ukumbi. Hiki chumba cha mtoto. Hii ofisi ya Sir. Bibi akasimama mbele ya sanduku la chuma, akauliza kwa Kiingereza chake cha kazini kuna nini ndani.

"Mimi," akasema Swafiya.

Bibi akalitazama sanduku kwa muda. Kisha akaliinamia, sana, kama alivyokuwa akiinama mbele ya hekalu, akainua kibendera chake akaenda zake kituoni.

Madam na Sir walirudi. Madam alifurahi kuiona mikono imetangulia salama, akasema dada yake ameshapata mtu wa Nairobi mwenye mikono na pasipoti, na akampa Swafiya zawadi ya sumaku ya friji yenye picha ya daraja. Swafiya akaipapasa akasema reli yake haina kutu ya kutosha. Sir alirudi na saa ya mkono aliyoinunua huko, ya gharama, si ya kuachwa mezani. Akapanda nayo ofisini, akazungusha nambari, akafungua sanduku, akaitia, akafunga. Swafiya alikuwa mlangoni na kanzu zilizopigwa pasi. Alipouliza kuhusu pasipoti, Sir alikuwa ameshaisahau nambari tena.

Swafiya akatundika kanzu. Akateremka, akakaa juu ya ndoo yake, akaitazama mikono yake, ya mbele na ya nyuma.

Wiki hiyo Metrine alikuwa anakwenda likizo. Bosi wake hakuwa na sanduku la chuma, alikuwa na droo tu, na droo ilikuwa haifungi. Ndege aliyoipata ilikuwa ya Mombasa, na kutoka pale basi mpaka Bungoma.

"Madam," akasema Swafiya asubuhi, "uliniahidi likizo. Nimeona nisimsumbue Sir na nambari. Mikono itakwenda peke yake."

Madam akafungua mdomo, akatafuta pa kukatalia. Lakini ni yeye aliyesema kwamba mikono haiombwi pasipoti, na alikuwa amelisema kwa sauti. Akafunga mdomo.

"Irudi Jumamosi."

"Inshallah," akasema Swafiya.

Agnes alimvua mikono, Metrine akaifunga kwenye leso mpya, akaiweka kwenye mkoba wake. Uwanja wa ndege aliulizwa kama amebeba chakula, akasema hapana.

Siku ya hina Swafiya alikuwa chumba cha kufulia, juu ya ndoo, macho amefumba. Huko Kuze, Ummulkheir aliitandikia mikono mkeka, akaweka bakuli la piko karibu na wa kulia, na wanawake wakaisogelea kuiamkia mmoja mmoja, kisha wakaendelea na nyimbo zao. Mkono wa Ikhlas ukaletwa. Swafiya aliuacha mdogo, wenye wino wa shule. Sasa ulikuwa mkubwa, wa mtu anayepika na kufua, na chini ya kidole gumba palikuwa na kovu ambalo hakuna simu iliyowahi kulitaja. Mkono wa Swafiya ulilipitia mara mbili kovu hilo. Kisha ukaanza kuchora. Ulichora ua juu ya kovu, na kutoka kwenye ua mtambaa, na kutoka kwenye mtambaa vitawi vyembamba kama fito za madirisha, na yale maua mepesi ya mti wa Japani yakimwagika mpaka kwenye kiwiko, ambayo Kuze ilikuwa haijapata kuyaona na tangu siku hiyo kila bibi harusi anayataka. Wapambe waliumwa na mgongo.

Piko ilipokauka, Ikhlas akauchukua mkono wa mamake, akaushika.

Baada ya muda simu ikalia. Agnes akamwekea Swafiya sikioni.

"Mama," akasema Ikhlas, na nyuma yake sauti ya Metrine ilikuwa inataja basi. "Mama, Metrine anachelewa, na mkono wako hauniachii. Sema kwaheri."

"Nani?"

"Mama! Sema kwaheri!"

"Mtandao mbaya, mwanangu. Sikusikii."

Agnes, aliyekuwa amesikia kila neno akiwa amesimama kando, aliondoa simu akaiweka juu ya mashine ya kufulia, kifudifudi.

"Swafiya!" Madam akaita kutoka juu. "Kanzu ya Sir!"

"Sina mikono, Madam!"

Ofisini sanduku lilikuwa limefungwa, na ndani yake saa mpya ilikuwa ikihesabia gizani, juu ya pasipoti.

"Fumbua," akasema Agnes.

Swafiya akafumbua mdomo, macho bado amefumba, akala tonge lake taratibu, kwa kuwa hapakuwa na haraka yoyote. Mwanawe alikuwa amemshika.